Tezo na Mikataba ya Dola

Asafiriye kutoka Kilifi kwenda Malindi hupita Tezo, kati ya minazi na mikorosho, na huenda asidhani kamwe kwamba nchi tulivu kama hii iliwahi kukatwa kwa kalamu na watu wasiopata kuiona. Mwaka 1886 Waingereza na Wadachi walimwachia Seyyid Barghash, Sultani wa Unguja, ukanda wa pwani wenye upana wa maili 10, nao wakajigawia bara. Mwaka 1890 Wadachi, waliokuwa na himaya yao Witu, waliiacha, wakakubali Unguja iwe chini ya Waingereza, na badala yake wakapewa kisiwa cha Heligoland. Na mwaka 1895 utawala wa ukanda ule, Tezo ikiwamo, uliingia mikononi mwa Waingereza kwa ujira alioupokea Sultani kila mwaka. Tangu hapo adui wa London alikuwa adui wa Tezo, ingawa hapana mtu wa Tezo aliyetakwa shauri.

Huko Ulaya, dola zilikuwa zimefungamana kwa ahadi, Udachi na Austria upande huu, Urusi na Ufaransa upande ule, hata mrithi wa Austria alipouawa Sarajevo tarehe 28 Juni 1914, ugomvi wa Austria na Serbia ukaivuta Urusi, Urusi ikaivuta Udachi, na Udachi, ilipoingia Ubelgiji ili kuifikia Ufaransa, ikaiinua Uingereza, iliyokuwa miongoni mwa wadhamini wa Ubelgiji tangu 1839. Siku hiyo ilikuwa tarehe 4 Agosti.

Siku iyo hiyo Kaya Fungo, kaya kuu, yaani boma takatifu, ya Wagiriama, wenyeji wa nchi hii ya Kilifi, ililipuliwa kwa baruti. Amri ilikwisha tolewa kabla ya vita, wala haikuhusu Ubelgiji. Iliwahusu Mekatilili wa Menza na Wanje wa Mwadorikola, waliowakusanya watu ili wale kiapo, wanawake cha mukushekushe na wanaume cha fisi, kwamba hawatatoa kodi wala vijana wa kazi. Walikamatwa Oktoba 1913, wakahamishiwa Kisii, wakatoroka na kurudi kwao kwa miguu. Kiapo kile nacho kilikuwa mkataba, na kwangu mimi kilikuwa na haki kuliko yote niliyoitaja, madhali waliofungwa nacho walikila kwa vinywa vyao wenyewe.

Vita vilipohitaji wapagazi, Arthur Champion, mtawala wa Kiingereza wa Wagiriama, alizidi kuwadai vijana, na kabla Agosti haijaisha mapigano yakazuka. Askari wa King's African Rifles wakaletwa, nyumba zikachomwa, mifugo ikatwaliwa. Sharti za amani zilikuwa faini ya rupia 100,000, vijana 1,000 wa kuchukua mizigo ya vita, na kuihama ardhi yenye rutuba kaskazini ya mto Sabaki.

Vita vilipokwisha, katika mgawo wa makoloni ya Wadachi wa 1919, Waingereza walipata Tanganyika. Na Ubelgiji, ambayo kwa kudhulumiwa kwake walisema wameshika silaha, ikapata Ruanda na Urundi, pamoja na watu waliokuwamo.