Takriri si Ufukara: Nobuo Uematsu na Opera Isiyo na Mwimbaji

Mwaka jana katika semina nilisimama kifua mbele nikadai kwamba takriri ni dalili ya msanii aliyeishiwa. Leo naifuta kauli hiyo. Aliyenisuta ni Nobuo Uematsu, Mjapani anayetunga muziki wa michezo ya video, sanaa ambayo wengi wetu tunaiona ya kitoto.

Uematsu alizaliwa mjini Kochi mwaka 1959. Muziki alijifunza mwenyewe. Alikuwa akifanya kazi katika duka la kukodisha rekodi alipokaribishwa na kampuni ya Square, akajiunga nayo mwaka 1986. Mwaka uliofuata ukatoka mchezo wa Final Fantasy, na jina lake likaanza kusikika.

Sasa tutazame mazingira ya utunzi wake, maana fani haizuki hewani. Mashine ya Famicom ilikuwa na njia tano tu za sauti, na kumbukumbu finyu mno. Zaidi ya hapo, mtunzi hakujua kama mchezaji angekaa pangoni dakika moja au saa nzima. Kwa hiyo wimbo ulilazimika kuzunguka, mwisho wake ukiungana na mwanzo. Hapo takriri ni sharti la utungo, wala si uvivu. Kazi ya msanii ni kuufanya wimbo usichoshe hata mara ya hamsini.

Mwaka 1994, katika Final Fantasy VI, sharti hilo likageuka kuwa maana. Kila mhusika mkuu ana wimbo wake, na nyimbo hizo zinarudi mpaka kwenye tamati. Lakini kilele, kwa maoni yangu, ni tukio la opera. Celes, aliyekuwa jenerali, anapanda jukwaani badala ya mwimbaji Maria. Super Famicom ilikuwa na njia nane za sauti na kilobaiti 64 za kumbukumbu ya sauti. Mwimbaji wa kweli angekaa wapi? Basi Uematsu akatumia mlio unaoiga sauti ya mtu, na maneno yakaandikwa kwenye kioo. Mchezaji ndiye anayechagua mshororo unaofuata. Akikosea, onyesho linaharibika, inabidi arudie. Hadhira imegeuzwa fanani!

Uematsu aliacha ajira yake pale mwaka 2004. Tangu 2007, maonyesho ya Distant Worlds yameupeleka muziki wake kwa okestra katika nchi nyingi, na opera ile imeimbwa na waimbaji halisi. Wengine watasema ndipo ilipokamilika. Mimi nakataa. Sauti imepatikana, ni kweli, lakini msikilizaji amerudishwa kitini: hana mshororo wa kuchagua wala kosa la kufanya. Mhakiki atakayeipima kwa okestra peke yake atakuwa amehakiki nusu ya kazi. Anayebisha, tukutane semina ijayo.