Bei Halisi ya Nyumba ya Mkopo
Benki ya Nyumba Tanzania, iliyoanzishwa mwaka 1972, ilikufa mwaka 1995. Ndipo watumishi wengi wa Mwanza wakabaki kujenga kwa mshahara, chumba baada ya chumba, hadi juu ya mawe ya Igogo na Mabatini. Wapo wauitao ujenzi huo uzembe. Mimi naona hesabu ndani yake.

Sheria ya mwaka 2008 ilifungua upya mlango wa mikopo ya nyumba. Haya, tukokotoe: shilingi milioni 50, riba asilimia 15 kwa mwaka, miaka 20. Rejesho ni takriban 658,000 kwa mwezi. Jumla, milioni 158. Mwezi wa kwanza, 625,000 ni riba tupu. Baada ya miaka 5 mkopaji amekwisha kulipa milioni 39.5, nyumba ingali rehani, naye bado anadaiwa milioni 47.