Sindano iliyoponya na kuua: historia ya dawa za ugonjwa wa usingizi katika Kongo

Kwa karibu miaka 60, mkaaji wa Kongo aliyepatikana na ugonjwa wa usingizi katika hatua ya pili mara nyingi alikuwa na njia mbili tu. Ya kwanza ni kubaki nyumbani bila matibabu, na ugonjwa ungemuua. Ya pili ni kwenda hospitali kuchomwa sindano ya melarsoprol, dawa iliyojulikana sana kwa jina la Arsobal. Dawa hiyo iliponya wengi. Lakini kati ya wagonjwa 100 waliochomwa, 5 mpaka 10 walipatwa na shida kubwa ya ubongo, na karibu nusu ya hao walikufa. Hakuna daktari aliyeweza kusema mapema ni nani atakayepatwa.

Historia hiyo inafaa kukumbushwa leo, hasa kwa familia zilizohama makao na zinazotumia dawa bila kujua vizuri zimetoka wapi. Swali lake halijaisha: dawa inapomdhuru mtu mmoja kati ya wengi, nani anasikia habari zake?

Ugonjwa ulivyo

Ugonjwa wa usingizi, ambao wengine wanauita malale, unaletwa na mdudu mdogo asiyeonekana kwa macho. Anaingia mwilini mtu anapoumwa na mbung'o, yule inzi anayeitwa pia tsetse. Hatua ya kwanza, mdudu yuko ndani ya damu: homa inakuja na kurudi, kichwa kinauma, viungo vinauma, tezi za shingo zinavimba. Mtu anaweza kukaa miezi mingi, hata miaka, akifikiri ni malaria. Hatua ya pili, mdudu ameingia kwenye ubongo. Mgonjwa analala mchana na kukesha usiku, anabadilika tabia, anasema maneno yasiyoeleweka, anakonda. Asipotibiwa, karibu kila mara anakufa.

Shida ya madaktari tangu mwanzo ilikuwa hiyo hatua ya pili. Ubongo una ulinzi wake, na dawa nyingi haziwezi kupenya. Zile zilizoweza kupenya zilikuwa na arseniki, sumu ile ile iliyotumiwa kuulia panya.

Atoxyl na macho yaliyopofuka

Kati ya mwaka 1896 na 1906, mlipuko mkubwa wa ugonjwa huu uliua watu wengi sana katika bonde la Kongo na katika Uganda. Dawa ya kwanza iliyotumiwa kwa wingi iliitwa Atoxyl. Jina hilo lilitaka kusema kwamba dawa haina sumu. Mwaka 1906 na 1907, daktari Mjerumani Robert Koch aliijaribu katika visiwa vya Ssese, kwenye ziwa Victoria upande wa Uganda. Alipopandisha dozi, watu zaidi ya 20 wakapofuka kabisa. Macho yao hayakurudi.

Hata baada ya hapo, Atoxyl iliendelea kutumiwa. Katika Kongo ya wakoloni, wagonjwa walikusanywa katika lazareti, kama ile ya Ibembo katika Uele. Walitengwa na jamaa zao, na wengi walikimbia. Wakubwa wa serikali waliona kukimbia huko kama ukaidi. Lakini watu walikuwa wameona kwa macho yao: jirani aliingia akiwa anaona, akatoka akiongozwa na mkono wa mtoto.

Mwaka 1920 daktari Mmarekani Louise Pearce alifika Léopoldville, mji unaoitwa sasa Kinshasa, kujaribu dawa mpya iliyoitwa tryparsamide. Ilikuwa na nguvu kuliko Atoxyl, na iliweza kumtibu hata mgonjwa ambaye ubongo wake umeguswa. Nchi ya Ubelgiji ilimpa Pearce nishani. Hata hivyo, tryparsamide nayo iliweza kuharibu mshipa wa jicho. Katika nchi ya Kameruni, eneo la Bafia, dozi ilipandishwa kupita kiasi mwishoni mwa miaka ya 1920, na watu karibu 700 wakapofuka.

Hapa inafaa kutenga mambo mawili. Madhara ya Bafia yalitokana na dozi. Dozi ikipunguzwa, hatari inapungua, na mwenye kosa anaweza kuonyeshwa. Dawa iliyofuata ilileta madhara ya aina nyingine.

Mwaka 1949: dawa ya moto

Mwaka 1949, daktari Mswisi Ernst Friedheim alileta melarsoprol. Ilikuwa ushindi mkubwa, kwa sababu iliponya hatua ya pili kuliko dawa zote zilizotangulia. Lakini ilikuwa na arseniki ndani, na ilichanganywa katika kimiminiko kikali kilichoweza kuharibu plastiki. Kwa sababu hiyo wauguzi walitumia mabomba ya sindano ya kioo. Ilipopita kwenye mshipa, mgonjwa alihisi kama moto unapanda mkononi. Tone likimwagika nje ya mshipa, nyama ya mkono inaweza kuoza.

Maumivu hayo yalimpata kila mmoja, na watu waliyavumilia. Kilichoogopwa zaidi kilikuja siku chache baadaye, mara nyingi katika wiki mbili za kwanza za matibabu. Mgonjwa aliyekuwa anaendelea vizuri, anakula na kuongea na jamaa yake, alianza homa kali na kuumwa kichwa. Kisha degedege. Kisha kupoteza fahamu. Wengine waliamka, wengine hawakuamka tena.

Muuguzi alikuwa amefuata dozi sawasawa. Dawa ilikuwa safi. Mgonjwa wa kitanda cha pili, wa umri ule ule, aliyechomwa dawa ile ile siku ile ile, alirudi kijijini amepona. Ilionekana kwamba si arseniki peke yake iliyoua, bali mwili wenyewe uliwaka ndani ya ubongo wakati wadudu walipokuwa wanakufa. Lakini hapakuwa na kipimo cha damu wala cha maji ya uti wa mgongo ambacho kingemwonyesha mapema yule ambaye atapatwa.

Pale ambapo daktari hana jibu, kila mtu anatafuta jibu lake. Familia iliyopoteza mtu ilisema amerogwa, au muuguzi amekosea, au hospitali inaua. Na muuguzi, ambaye alijua kwamba kuacha kuchoma ni kumwacha mgonjwa afe, alilazimika kesho yake kuchukua tena bomba la kioo. Woga wa wagonjwa haukuwa ujinga. Walikuwa wamehesabu maiti kama vile madaktari walivyohesabu.

Kuhesabu kulisaidia nini

Mambo yalianza kubadilika pale madhara yalipoandikwa na kulinganishwa. Katika hospitali ya Nioki, katika Bandundu ya zamani, Jacques Pépin na wenzake waliwapa sehemu ya wagonjwa prednisolone pamoja na melarsoprol, na wengine melarsoprol peke yake. Matokeo yalitangazwa mwaka 1989: waliopewa prednisolone walipatwa na shida ya ubongo mara chache zaidi. Hatari haikwisha, lakini ilipungua.

Mwaka 1990 dawa nyingine, eflornithine, iliruhusiwa. Haikuwa na arseniki, na iliamsha watu waliokuwa karibu kufa. Lakini ilikuwa ghali, na ilidai dripu 56 kwa siku 14, moja kila masaa sita. Kituo cha afya cha kijijini kingepata wapi wauguzi na maji safi ya kutosha? Na kwa kuwa wagonjwa walikuwa maskini, kiwanda kiliacha kuitengeneza. Mwaka 2000 dawa hiyo hiyo iliruhusiwa Marekani kwa kazi nyingine: mafuta ya kuzuia nywele kwenye uso wa wanawake. Ni mwaka 2001, baada ya mashirika ya afya kushinikiza, ndipo makubaliano yalipofanyika ili wagonjwa wa Afrika waipate bure.

Wakati huo Kongo ilikuwa katika hali mbaya. Mwaka 1990 ushirikiano wa Ubelgiji ulisimama, na vikosi vilivyokuwa vinazunguka vijijini kupima watu vikakosa mafuta na vifaa. Vita vikafuata. Watu walikimbilia porini na kando ya mito, mahali mbung'o anapokaa. Mwaka 1998 wagonjwa wapya karibu 40,000 waliandikwa katika Afrika yote, na zaidi ya 26,000 kati yao walikuwa Wakongomani. Wengi walifika hospitali wakiwa wamechelewa, na waliofikia hatua ya pili walikutana na Arsobal.

Idadi ya waliokufa kwa dawa sasa ilikuwa wazi kwenye vitabu vya hospitali, na ikawa hoja: haiwezekani kuendelea kutibu watu kwa dawa inayoua mmoja kati ya kila wagonjwa ishirini au zaidi kidogo. Mwaka 2009 Shirika la Afya Duniani liliingiza katika orodha ya dawa muhimu matibabu yanayoitwa NECT: dripu 14 za eflornithine kwa siku saba, pamoja na vidonge vya nifurtimox kwa siku kumi. Wagonjwa wa Kongo walikuwa kati ya wale waliokubali kushiriki katika majaribio yake. Melarsoprol ikaanza kuwekwa pembeni.

Kisha vikaja vidonge vya fexinidazole, vilivyojaribiwa kwa sehemu kubwa hapa Kongo pamoja na mpango wa kitaifa wa kupiganisha ugonjwa huu, chini ya daktari Victor Kande. Kongo iliviruhusu mwezi Desemba 2018. Mgonjwa anavimeza kwa siku kumi, na wengi hawahitaji dripu tena. Mwaka 2024 Shirika la Afya Duniani lilishauri vitumiwe pia kwa aina ya ugonjwa iliyoko Afrika ya mashariki, ambako melarsoprol ilikuwa bado inatumiwa. Tangu mwaka 2018, wagonjwa wapya katika Afrika yote ni chini ya 1,000 kwa mwaka, wengi wao wakiwa Kongo.

Yanayobaki kwa familia za leo

Fexinidazole si dawa ya moto, lakini ina masharti yake. Lazima imezwe pamoja na chakula, la sivyo mwili hauipokei vya kutosha. Inaweza kuleta kutapika, kuumwa kichwa na kukosa usingizi. Kwa familia iliyo kambini na inayokula mara moja kwa siku, sharti la chakula si jambo dogo. Inafaa muuguzi aambiwe ukweli mapema, bila haya: nyumbani hakuna chakula.

Na si ugonjwa wa usingizi peke yake. Dawa nyingi za kawaida, kama penisilini, Bactrim au Fansidar, zinasaidia mamilioni ya watu, lakini mara chache sana zinamshtua mtu mmoja kwa namna ambayo hakuna aliyeitazamia. Dalili za kuangalia ni hizi: uso au midomo kuvimba, kukosa pumzi, malengelenge kwenye ngozi, vidonda mdomoni, macho kuwa ya manjano, degedege. Yeyote anayeziona baada ya kumeza au kuchomwa dawa akimbizwe kituo cha afya mara moja, hata kama ni usiku.

Aende na karatasi au kisanduku cha dawa. Jina la dawa, siku ilipoanzwa na duka ilikonunuliwa viandikwe kwenye daftari. Dawa iliyomdhuru mtu iandikwe pia kwenye kitabu chake cha hospitali, kwa sababu familia ikihama tena, muuguzi wa kambi nyingine hatajua. Na muuguzi naye ana wajibu wa kuandika na kupeleka habari hiyo eneo la afya, ili ifike Kinshasa, ambako kuna kituo cha kitaifa cha kufuatilia madhara ya dawa.

Anayeogopa dawa asiikimbie kimya kimya. Aseme anachoogopa na alichokiona. Wagonjwa waliotoroka lazareti za zamani walikuwa wanajua jambo la kweli kuhusu Atoxyl, lakini hakuna aliyeketi nao na kuliandika.