Uanachama Unapokoma: Haki ya Kutumia Bila Kumiliki, kutoka Mashamba ya Masisi hadi Michezo ya Video

Utangulizi

Kiswahili kina maneno mengi ya kueleza jinsi kitu kinavyofika mikononi mwa mtu. Kitu hununuliwa, huazimwa, hukodiwa, hupangishwa au huwekwa rehani. Ndani ya kila neno limo jibu la swali moja: muda utakapokwisha kitu kitarudi kwa nani, na kile ambacho mtumiaji amekiongeza juu yake kitakuwa cha nani? Wahenga waliposema kwamba nguo ya kuazima haisitiri maungo, walikuwa na maana kuwa mwenye nguo aweza kuidai hata mbele za watu.

Swali hili limezuka upya katika biashara ya michezo ya video inayochezwa kwa ada ya uanachama. Makala hii inalichunguza swali hilo kwa kuangalia historia ya Masisi na Walikale, wilaya mbili za Kivu ya Kaskazini katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Maeneo hayo hayakuchaguliwa kwa bahati tu. Koltani inayochimbwa huko hutoa madini ya tantali, nayo tantali hutumika kutengeneza kapasita, yaani vifaa vidogo vya kutunza umeme ndani ya simu, kompyuta na mashine za michezo. Aidha, wakazi wa Masisi na Walikale wameishi kwa muda mrefu chini ya haki zinazodumu kwa kadiri uanachama unavyodumu. Inadaiwa hapa kwamba jambo la msingi katika haki za namna hiyo si ukubwa wa ada. La msingi ni mambo mawili: nani mwenye uwezo wa kuukomesha uanachama, na jasho la mwanachama linakwenda wapi baada ya kukoma.

Michezo ya kukodi

Desemba 1994 kampuni ya Sega ilianzisha nchini Marekani huduma iliyoitwa Sega Channel. Mwanachama alilipa ada ya kila mwezi, akapelekewa michezo kwa waya wa televisheni. Mchezo ulikaa katika kumbukumbu ya mashine maadamu mashine ilikuwa imewashwa. Ilipozimwa, mchezo ulitoweka. Huduma hiyo ilifungwa mwaka 1998.

Huduma zilizofuata zilikuwa na ukarimu zaidi, lakini msingi wake ni uleule. PlayStation Plus ilianza mwaka 2010, na Xbox Game Pass mwaka 2017. Katika PlayStation Plus, michezo ya kila mwezi ambayo mwanachama ameichukua hubaki katika orodha yake, lakini hufungwa ada isipolipwa, na hufunguka tena akirudi. Katika Game Pass, mchezo waweza kuondolewa katika orodha hata kama mwanachama hajakosa kulipa mwezi hata mmoja. Katika hali zote mbili, mafaili ya mchezo yaweza kubaki ndani ya mashine. Hata kumbukumbu ya hatua alizofikia mchezaji, matunda ya saa nyingi za jitihada, huweza kubaki. Kinachokosekana ni idhini ya kufungua. Mwanachama wa zamani anacho kitu, ila hana ruhusa nacho. Naye akitaka kuendelea pale alipoishia, hana budi kulipa tena ada au kuununua mchezo.

Hata neno "kununua" lenyewe limetiliwa shaka. Mwaka 2024 jimbo la California lilipitisha sheria, iliyoanza kutumika Januari 2025, inayomkataza muuzaji wa bidhaa za kidijiti kutumia neno hilo bila kumweleza mteja waziwazi kwamba anachopewa ni leseni tu. Sheria hiyo haikuzigusa huduma za uanachama, kwa kuwa huko mteja anatarajiwa kujua kuwa anakodi. Kwa hiyo bunge zima lilishughulika na maana ya kitenzi kimoja. Katika milima ya Masisi, kutoelewana kuhusu kitenzi hichohicho kulikwisha kuleta madhara makubwa zaidi.

Shamba la mgeni

Kwa desturi za Wahunde wa Masisi na Wanyanga wa Walikale, ardhi haikuwa bidhaa ya sokoni. Ilikuwa ya jamii, chini ya uangalizi wa mwami na wakuu walio chini yake. Mgeni aliyetaka kulima alipewa sehemu, naye alitoa heshima kwa mkuu: pombe, mbuzi au sehemu ya mavuno. Malipo hayo hayakuwa bei ya shamba. Yalikuwa ni ishara ya kukiri kwamba shamba lina mwenyewe, na kwamba mlimaji amekubaliwa kuwa miongoni mwa watu wa mwami.

Majirani zao wa Bushi, Kivu ya Kusini, walizigawa haki hizo kwa majina. Kalinzi ilikuwa haki ya kudumu, iliyotolewa kwa malipo makubwa ya mara moja, hasa ng'ombe, na ilirithiwa na watoto. Bwasa ilikuwa ya msimu au muda mfupi, na mwenye bwasa hakuruhusiwa kupanda mimea ya kudumu kama migomba. Katazo hilo lina maana kubwa. Mazao ya msimu huvunwa yakaisha, na mlimaji akaondoka na chake. Mgomba hauhamishiki, aliyeupanda ameweka jasho lake mahali asipoweza kulichukua, na hivyo huanza kudai kwamba mahali penyewe ni pake. Kwa kukataza mgomba, desturi ililitatua mapema swali ambalo huduma za michezo huliacha wazi: haikumruhusu mpangaji wa msimu kuongeza kitu ambacho kingeleta ugomvi siku ya kuondoka.

Utaratibu huo ulivurugwa na ukoloni. Kuanzia mwaka 1937 hadi 1955 utawala wa Kibelgiji uliendesha mpango wa kuwahamisha Wanyarwanda na kuwaleta Kivu, hasa Masisi. Shabaha zilikuwa mbili: kupunguza msongamano wa watu na njaa nchini Rwanda, na kuyapatia mashamba ya walowezi vibarua. Makumi ya maelfu ya watu walihamishwa. Huko Gishari wahamiaji waliundiwa utawala wao wenyewe, na wakuu wa Kihunde wakalipwa fidia kwa ajili ya ardhi hiyo. Kwa maofisa wa kikoloni, fidia ilikuwa bei na shauri lilikwisha. Kwa Wahunde wengi, ardhi ilikuwa imetolewa itumiwe tu, nao wageni walipaswa kuendelea kumtambua mwami. Mwaka 1957 utawala wa Gishari ulifutwa, na wakazi wake wakarudishwa chini ya wakuu wa Kihunde. Watu waliokuwa wamelima kwa miaka karibu ishirini wakijua kuwa wamekwisha kupewa, walijikuta wakidaiwa heshima upya.

Methali ya Kiswahili husema: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Methali hiyo inaeleza vizuri jinsi mgeni anavyogeuka mtenda kazi wa nyumbani. Haisemi lolote juu ya shamba atakalolilima ni la nani. Mgogoro wa Masisi ulikua ndani ya ukimya huo.

Uraia kama uanachama

Baada ya uhuru wa mwaka 1960 mlinzi wa mlango alibadilika. Sheria ya Bakajika ya mwaka 1966 iliirudishia dola mamlaka juu ya ardhi, na sheria ya tarehe 20 Julai 1973 ikatamka kwamba ardhi yote ni mali ya dola. Mtu binafsi hupata haki ya kuitumia tu, na haki ya kudumu milele iliwekwa kwa raia peke yao. Ardhi zilizokaliwa na jamii za vijijini ziliingizwa katika milki ya dola, na haki za jamii hizo ziliahidiwa kufafanuliwa kwa amri ya rais. Kwa miongo kadhaa amri hiyo haikutolewa. Hivyo Mhunde na Mnyanga nao waligeuzwa watumiaji katika nchi ya babu zao, wakiwa na haki iliyotajwa bila kuelezwa. Wenye fedha na wenye jamaa serikalini walijipatia hati za mashamba makubwa na malisho. Wakulima wa makabila yote wasiokuwa na karatasi waliondolewa.

Kwa kuwa haki ya kudumu ilifungamanishwa na uraia, uraia wenyewe ukawa ndio uanachama. Sheria ya Januari 1972 iliwapa uraia watu wenye asili ya Rwanda na Burundi waliokuwa wakiishi Kivu kabla ya tarehe 1 Januari 1960. Sheria ya Juni 1981 iliifuta, ikataka mtu athibitishe kwamba asili yake ni kabila lililokuwako ndani ya mipaka ya nchi tarehe 1 Agosti 1885. Kwa kalamu moja, watu waliokuwa wanachama kwa miaka tisa waliwekwa nje ya mlango, huku nyumba, migomba na makaburi ya wazazi wao yakibaki ndani. Tarehe 20 Machi 1993 mauaji yalianza katika soko la Ntoto, wilayani Walikale, yakaenea Masisi. Maelfu ya watu wa pande zote walikufa, na wengi zaidi walihama. Mwaka 2004 sheria mpya ya uraia ililegeza masharti kwa kuyatambua makabila yaliyokuwako nchini wakati wa uhuru, lakini haikuweza kuwarudishia watu mashamba ambayo wengine walikuwa wamekwisha kuyakalia.

Kadi ya mchimbaji

Katika madini, haki ya muda imeandikwa kwenye kadi. Sheria ya madini ya mwaka 2002 ilimtaka mchimbaji mdogo awe na kadi ya mwaka mmoja, inayoweza kufanywa upya, kwa eneo maalumu lililotengwa. Marekebisho ya mwaka 2018 yaliongeza sharti kwamba awe mwanachama wa chama cha ushirika kilichoidhinishwa. Eneo lenyewe laweza kufungwa, kwa mfano pakigunduliwa mashapo yasiyofaa kuchimbwa kwa mikono. Wakati huo kadi hukosa maana hata kama mwaka haujakwisha, kama vile mchezo uondolewavyo katika orodha ilhali ada imelipwa.

Mifano miwili inatosha. Huko Bisie, wilayani Walikale, kasiterite iligunduliwa mwaka 2002. Maelfu ya watu walichimba mashimo marefu kwa mikono, na mizigo ikabebwa kichwani na mgongoni kupita msituni. Septemba 2010 rais alisimamisha uchimbaji katika Kivu zote mbili na Maniema, na amri hiyo ilidumu hadi Machi 2011. Hatimaye kampuni yenye hati ilijenga mgodi wa kisasa, ulioanza uzalishaji wa kibiashara mwaka 2019. Wachimbaji waliokuwa wameonyesha kwa mikono yao mahali mali ilipo hawakuwa na hati ya kudai sehemu yake.

Huko Rubaya, wilayani Masisi, hati ilikuwa ya kampuni moja, nao wachimbaji walikuwa katika chama cha ushirika. Mwaka 2013 pande hizo zilifunga mkataba: wachimbaji waruhusiwe kuchimba, na koltani yao waiuzie kampuni. Ugomvi haukwisha, kwani kila upande uliuelewa mkataba kwa namna yake. Mwishoni mwa Aprili 2024 kundi la M23 liliuteka mji. Kwa mujibu wa ripoti ya wataalamu wa Umoja wa Mataifa ya Desemba 2024, kundi hilo lilianza kutoa vibali vyake: dola 25 kwa mwaka kwa mchimbaji, dola 250 kwa mfanyabiashara. Mashimo yalikuwa yaleyale na wachimbaji wengi walewale. Aliyebadilika ni mpokeaji wa ada.

Hitimisho

Ni dhahiri kwamba hasara ya mchezaji na hasara ya mkulima aliyefukuzwa hazipimwi kwa mizani moja. Mchezaji amekosa burudani. Mkulima amekosa chakula na kwao. Hata hivyo umbo la haki zao linafanana, na kufanana huko kunafundisha. Mahali pote palipotajwa, kitu chenyewe hakikupotea: mchezo ulibaki ndani ya mashine, mgomba ulibaki shambani, shimo lilibaki mlimani. Kilichoondolewa ni kutambuliwa, nacho kiliondolewa na upande mmoja.

Desturi ya kale, pamoja na kasoro zake, ilikuwa na jambo moja ambalo sheria zilizofuata zilikosa. Aliyepokea heshima alijulikana kwa jina na uso, aliishi karibu, na yeye pia alifungwa na mapokeo aliyoyasimamia. Mgeni wa msimu alijua tangu mwanzo asipande nini. Mwenye kadi ya mwaka mmoja alichimba shimo asilojua kama litakuwa lake mwakani, na raia wa mwaka 1972 alipanda migomba bila kujua kwamba mwaka 1981 ungekuja.

Kwa hiyo mtafiti wa haki za matumizi, ziwe za ardhi, za madini au za bidhaa za kidijiti, hatoshelezwi na kuuliza mwanachama analipa nini na anapata nini. Inampasa aulize pia mwanachama ameongeza nini, na siku ya mwisho jasho hilo limeandikwa wapi. Katika Masisi na Walikale halikuandikwa popote, na watu walijaribu kuliandika wenyewe kwa silaha.