Kuita Mchezo kwa Jina: Kutoka C:\> Hadi Linux

Leo tuache kwanza habari za hifadhidata tuzungumze michezo ya kompyuta. Si michezo yenyewe hasa, bali namna ya kuifungua. Najua wengine mtasema, kuna nini cha kueleza hapo, si unabofya picha tu? Basi hapo ndipo palipo na hadithi. Kubofya picha ni jambo la juzi. Kwa miaka mingi mchezo uliitwa kwa jina lake, herufi baada ya herufi, kwenye skrini nyeusi, na ukikosea herufi moja haukuitika.

Mimi ni mtu wa Kasigau, upande wa Rukanga. Kwa asiyepajua, Kasigau ni mlima ulio kusini-mashariki ya Voi, na vijiji vitano vimeuzunguka: Rukanga, Jora, Bungule, Makwasinyi na Kiteghe. Kutoka Voi unafuata barabara kuu ya Mombasa mpaka Maungu, halafu unaiacha lami. Kompyuta ya kwanza tuliyoipata huko ilikuwa ya mtumba, 486 yenye kumbukumbu ya MB 4, na umeme wake ulitoka kwenye jenereta iliyonguruma saa mbili tu kila jioni, mafuta yakipatikana. Tulikuwa vijana kumi na wawili. Piga hesabu: kila mtu dakika kumi. Windows 3.1 ilikula sehemu nzuri ya dakika hizo kabla haijawa tayari, na kipanya chenyewe kilikuwa kimekufa zamani. DOS iliwaka kabla hujakaa vizuri kwenye benchi. Kwa hiyo mstari wa amri kwetu haukuwa mapenzi ya kitaalamu. Ndio uliotupa nafasi ya kucheza.

Lakini asili ya mambo haya iko mbali na kwetu. Mwaka 1969 Ken Thompson, aliyekuwa akifanya kazi Bell Labs huko Marekani, aliandika mchezo ulioitwa Space Travel, wa kuendesha chombo kati ya sayari. Aliucheza kwenye kompyuta kubwa iliyoendeshwa na mfumo wa GECOS, ambapo mchezo mmoja uligharimu takriban dola 75 za muda wa mashine. Akatafuta mashine ndogo iliyokuwa imekaa bila kazi, PDP-7, akauandika upya humo. Kazi hiyo ilimfundisha ile mashine, na juu yake yeye na Dennis Ritchie wakaanza kujenga mfumo endeshi ambao baadaye uliitwa Unix. Sisemi kwamba Unix ilizaliwa na mchezo peke yake, kulikuwa na sababu nyingine nzito zaidi. Nasema tu kwamba mchezo ulikuwepo jikoni tangu siku ya kwanza.

Na haukutoka. Unix ilitenga folda maalumu ya michezo, /usr/games, na mtu aliandika jina la mchezo kama anavyoandika amri nyingine yoyote. Folda hiyo ipo mpaka leo. Kwenye Debian kuna kichekesho kidogo ambacho wengi hawajakigundua: mtumiaji wa kawaida ana /usr/games kwenye njia yake ya kutafutia programu, lakini root, yaani mkuu wa mashine, hana. Mkubwa akiwa kazini hachezi.

Kwenye kompyuta za nyumbani za miaka ya 1980 mambo yalikuwa magumu kidogo. Mwenye Commodore 64, iliyotoka mwaka 1982, alilazimika kukariri hirizi hii ili afungue mchezo kutoka kwenye diski:

LOAD "*",8,1

Nane ni namba ya kiendesha diski, nyota ni kusema leta faili ya kwanza unayoiona. Wenye ZX Spectrum walipakia kutoka kwenye kanda za kaseti, wakisubiri huku spika ikilia kama nyuki. Hizo zote mimi nimezisoma tu. Kwetu hazikufika.

Kilichotufikia ni DOS. IBM ilitoa PC yake Agosti 1981, na kwenye PC DOS ya kwanza kulikuwa na mchezo mmoja, DONKEY.BAS, ulioandikwa na Bill Gates mwenyewe akishirikiana na Neil Konzen. Unaendesha gari, unakwepa punda barabarani. Uliufungua kwa kuandika BASICA DONKEY. Nikiutazama leo naona waliotunga hawakuwahi kupita njia ya Maungu kwenda Rukanga, maana wangeweka ndovu.

Sasa tukae kidogo kwenye DOS, kwa sababu hapa ndipo elimu ilipokuwa. Mtu alianza hivi:

C:\>CD \MICHEZO\PRINCE
C:\MICHEZO\PRINCE>PRINCE

Mistari miwili, lakini ndani yake kuna mambo ambayo wanafunzi wa chuo huyatolea jasho. Kwanza, kwamba mafaili yamepangwa kama mti na wewe daima umesimama kwenye tawi fulani. Pili, kwamba jina lina mipaka: herufi nane, nukta, herufi tatu. Tatu, kwamba programu si picha, ni faili. Ukiandika PRINCE bila mkia, DOS hutafuta PRINCE.COM kwanza, kisha PRINCE.EXE, kisha PRINCE.BAT, kwa mpangilio huo huo. Hakuna mwalimu aliyetufundisha. Tulijua kwa sababu tulitaka kucheza na zamu ilikuwa inakwisha.

Kisha likaja tatizo la KB 640. DOS ilitengenezwa kwa mashine ambazo programu zilipewa KB 640 tu za kumbukumbu ya kawaida, hata kama kompyuta ilikuwa na MB kadhaa juu yake. DOS yenyewe ilikaa humo, dereva wa kipanya humo, dereva wa diski humo. Mchezo ulipofika mwisho wa foleni ukakuta nafasi imekwisha, ukagoma. Toleo la 5.0 la MS-DOS, la mwaka 1991, lilileta nafuu: ungeweza kuihamisha sehemu kubwa ya DOS ikae juu ya MB ya kwanza. Uliandika kwenye CONFIG.SYS:

DEVICE=C:\DOS\HIMEM.SYS
DOS=HIGH

Halafu unawasha upya, unaandika MEM, unaangalia umeokoa KB ngapi. Sisi tulishindana kwa hilo kama wengine wanavyoshindana mabao. Kile kipanya kilichokufa tulikifutia dereva wake kwenye AUTOEXEC.BAT, tukapata kilobaiti kadhaa zaidi. Mpaka leo nikiona programu ya simu inayomeza mamia ya MB ili ionyeshe orodha ya bei za mboga, moyo unaniuma.

Amri pia ilikuwa na milango ya siri. Prince of Persia wa Jordan Mechner ulitoka mwaka 1989 kwenye Apple II na ukafika DOS mwaka 1990. Kwenye toleo la mwanzo la DOS ungeandika PRINCE MEGAHIT, na ndani ya mchezo ukibonyeza Shift na L unaruka ngazi. Neno hilo lilifika kwetu kwa mdomo kutoka Voi, mtu kamwambia mtu, kama habari ya mvua. Doom, uliotolewa na id Software tarehe 10 Desemba 1993, ulifungua mlango wazi zaidi:

DOOM -WARP 1 3 -SKILL 4

Yaani nipeleke moja kwa moja sehemu ya kwanza, ngazi ya tatu, ugumu wa nne. Ukiongeza -NOMONSTERS, majini yote yanaondoka na unatembea peke yako kwenye kumbi tupu. Hapo ndipo nilipoelewa kwamba programu ni kitu kinachopokea maneno na kubadilika kwa maneno hayo. Miaka mingi baadaye, nilipoanza kuandika programu zangu zinazopokea vigezo, sikuona kitu kigeni. Na kwa wale wanaotaka kujua kama tulikuwa wezi: sehemu ya kwanza ya Doom ilitolewa bure makusudi, nakili umpe jirani. Ndivyo michezo mingi ya wakati ule ilivyosambaa mpaka vijiji kama vyetu, disketi kwa disketi.

Lakini jambo lililobaki nami kuliko yote ni faili ndogo ya mistari minne. Wengi wetu Kiingereza chetu kilikuwa cha kubahatisha, na wadogo zetu waliokuja kuchungulia hawakuwa nacho kabisa. Mmoja wetu akagundua kwamba faili yenye mkia wa BAT inageuka kuwa amri, na jina lake unalichagua wewe. Tukaandika CHEZA.BAT:

@ECHO OFF
CD \MICHEZO\%1
%1 %2
CD \

Kuanzia siku hiyo mtoto wa darasa la tatu aliandika CHEZA PRINCE au CHEZA DOOM na mchezo ukafunguka. Hiyo %1 ni neno la kwanza linalofuata amri; ilimradi folda na mchezo vina jina moja, mambo yanakwenda. Tukaongeza ONDOKA.BAT na SAIDIA.BAT. Kumbuka huu ni wakati ambao hakukuwa na programu kubwa ya ofisi kwa Kiswahili. Jambo OpenOffice, kazi ya mradi wa Kilinux wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ilitoka mwaka 2004. Naiheshimu sana kazi ile. Lakini mashine yetu ilikuwa imeanza kuitika Kiswahili kabla ya hapo, na haikuhitaji ruhusa ya mtu, kwa sababu mstari wa amri haujali lugha. Unajali jina la faili tu. Picha za kubofya ziliponyang'anya nafasi ya amri, wengi walisema sasa kompyuta imekuwa rahisi kwa mtu asiyejua Kiingereza. Mimi sikubaliani. Menyu ilikuja na maneno yake tayari, na wewe huwezi kuyagusa.

Windows 95 ilitoka Agosti 1995 na DOS ikaanza kurudi nyuma ya pazia. Hata hivyo michezo ya Windows nayo ni mafaili. Kwenye XP ungeandika sol ukapata karata, au winmine ukapata ule wa mabomu. Windows 8 ya mwaka 2012 iliiondoa hiyo. Pigo kubwa zaidi lilikuwa Windows za biti 64: hizo haziwezi kabisa kuendesha programu za biti 16, yaani takriban kila kitu tulichocheza Rukanga. Dawa ni DOSBox, iliyoanza kutolewa mwaka 2002, ambayo ni PC nzima ya zamani iliyoigizwa ndani ya programu:

mount c c:\michezo
c:
cheza prince

Ndiyo, CHEZA.BAT yetu inafanya kazi humo bila kubadilishwa hata herufi, ilimradi folda ya MICHEZO ikae ndani ya folda uliyoipa mount. Nimejaribu.

Mac nina machache ya kusema. Mac za zamani hazikuwa na mstari wa amri kabisa. Ulikuja na Mac OS X mwaka 2001, kwa kuwa ndani yake ni Unix. Unaandika open -a Chess, sataranji inafunguka. Ila macOS Catalina ya mwaka 2019 iliziacha programu zote za biti 32, na michezo mingi iliyonunuliwa kwa pesa halali ikafa usiku mmoja.

Kwenye Linux anayetoka DOS hukwaa kwenye kisiki kimoja. Amesimama ndani ya folda, anauona mchezo, anaandika jina lake, anaambiwa haupo. Ni lazima aandike ./mchezo, na kabla ya hapo chmod +x mchezo ili faili iruhusiwe kuendeshwa. DOS ilitafuta kwanza pale uliposimama. Unix haitafuti hapo mpaka uiambie. Sababu ni usalama. Unix ilikuwa mashine ya watu wengi, na mtu mbaya angeweza kuacha kwenye folda yake programu iitwayo ls, akangoja wewe uingie humo na kuandika ls. Michezo ya Windows huendeshwa kwa Wine, mradi ulioanza mwaka 1993, hivyo wine mchezo.exe mara nyingi hutosha. Hivyo ndivyo nilivyoufungua The Adventures of Nyangi wa Mkenya mwenzetu Wesley Kirinya, wa mwaka 2007, japo ulitengenezewa Windows. Na watoto wakitaka kuchora, kuna tuxpaint --lang swahili.

Hata simu haijaepuka. Sisi tunaotengeneza programu za Android hufungua mchezo kutoka kwenye laptopu kwa adb shell monkey -p likifuatiwa na jina la mchezo na namba 1. Ile picha unayoigusa inatuma amri tu, ila imefichwa usiione.

Sasa ombi langu. Kuna disketi kwenye makabati ya shule na maduka ya Voi, Mwatate, Wundanyi, na pengine nyumbani kwako. Sumaku yake inafifia. Za kwetu nilizisoma mwaka jana kwa kiendesha disketi cha USB. Kati ya disketi thelathini na moja, kumi na tisa zilikubali. Kiendesha cha USB Linux hukiona kama sda, sdb au sdc, basi andika lsblk kwanza ujue kipi ni kipi, usije ukanakili diski nyingine. Kisha:

dd if=/dev/sdc of=disketi01.img conv=noerror,sync

Ndani ya DOSBox unaandika imgmount a disketi01.img -t floppy, halafu a:, halafu dir. Ukisikia kiendesha kinakwaruza, simamisha, futa vumbi, jaribu tena baadaye. Anza na zile zenye maandishi ya mkono juu yake. Za kiwandani kuna mwingine mahali fulani ameshazihifadhi.