Nchi ya Matogoro Kabla ya Usharika: Milima, Maji na Watu Waliotangulia

Historia ya usharika huanza kuhesabiwa siku ya ibada ya kwanza, au siku mbatizwa wa kwanza alipoandikwa kitabuni. Historia ya nchi ambamo usharika umepandwa ni ndefu zaidi. Katika Kumbukumbu la Torati, sura ya 6, wana wa Israeli wanaonywa kwamba wataingia katika nchi yenye visima ambavyo hawakuvichimba na mizabibu ambayo hawakuipanda, nao watakapokula na kushiba wajihadhari wasisahau. Onyo hilo linawahusu pia Wakristo wa Matogoro wanapoadhimisha miaka mia moja. Sura hii inaeleza habari za wale waliochimba visima hivyo.

Milima na mito yake

Milima ya Matogoro imesimama kando ya mji wa Songea kama ukuta. Anayeitazama kutoka mjini huona misitu, miamba na ukungu wa asubuhi tu, lakini milima hii ni paa linalogawa maji ya kusini mwa Tanzania. Hapa ndipo Mto Ruvuma unapoanzia. Kwanza huelekea magharibi, kisha hugeuka kusini, na mwishowe hushika njia ndefu ya mashariki ukiwa mpaka kati ya Tanzania na Msumbiji hadi Bahari ya Hindi. Hapa pia huanzia Mto Luhira na Mto Luwegu. Luwegu huelekea kaskazini na kuingia Mto Rufiji. Hivyo matone mawili ya mvua yaliyoanguka mlimani siku moja yaweza kuingia bahari ileile katika sehemu zilizotengana kwa mamia ya kilomita.

Upande wa magharibi nchi hubadilika. Ardhi huinuka kuwa milima mikali ya Umatengo, kisha hushuka kwa ghafula kuelekea Ziwa Nyasa. Kaskazini ya milima hiyo, Mto Ruhuhu umekata bonde pana na kavu kabla ya kumwaga maji yake ziwani. Ni nchi ngumu kwa msafiri, na kwa sababu hiyo imehifadhi mambo mengi ambayo nchi tambarare zimeyapoteza.

Mifupa ya Bonde la Ruhuhu

Ushuhuda wa kale kuliko wote katika eneo hili ni wa mawe. Katika miaka ya 1930 wataalamu wa miamba walikuta mifupa iliyogeuka mawe katika Bonde la Ruhuhu, na mwaka 1933 mtaalamu Mwingereza, F. R. Parrington wa Cambridge, alikusanya mingi na kuisafirisha Ulaya. Sehemu ya mifupa hiyo ilikaa katika makabati ya makumbusho kwa miaka mingi bila kupewa jina rasmi. Mwaka 2013 watafiti walitangaza kwamba mfupa wa mkono na pingili kadhaa za uti wa mgongo ni vya mnyama aliyeishi miaka ipatayo milioni 243 iliyopita, ambaye huenda ndiye dinosau wa kale kuliko wote wanaojulikana, au ni jamaa wa karibu sana wa dinosau. Waliuita Nyasasaurus, kwa jina la Ziwa Nyasa.

Miaka mitatu kabla ya hapo mnyama mwingine wa bonde hilohilo alikuwa amepewa jina la Asilisaurus kongwe. Maneno “asili” na “kongwe” yalichukuliwa katika Kiswahili, na sasa yanasomwa katika vitabu vya sayansi ulimwenguni kote. Nchi iliyodhaniwa kuwa pembe ya mbali imetoa ushahidi juu ya kurasa za mwanzo kabisa za viumbe vya nchi kavu.

Wakulima, wahunzi na wenye milima

Wanadamu wa kwanza katika misitu hii walikuwa wawindaji na wakusanyaji wa matunda na mizizi. Baadaye walifika wakulima wenye kusema lugha za Kibantu, wakaja na mbegu, jembe la chuma na ufinyanzi. Kutoka kwao zilitokea jamii zinazojulikana hadi leo: Wandendeule katika nchi inayozunguka Songea na mashariki yake, Wamatengo katika milima ya magharibi, Wapangwa na Wabena kaskazini, Wamanda na Wanyasa kandokando ya ziwa. Jamii hizo hazikuwa na dola kubwa wala majeshi ya kudumu. Utawala ulikuwa wa ukoo na wa wazee, na mipaka yake ilikuwa kijito, kilima au msitu wa matambiko.

Kuja kwa Wangoni

Katika karne ya 19 utulivu huo ulivunjika. Vita vilivyowaka katika nchi za Wanguni kusini mwa Afrika viliwasukuma watu wengi kaskazini. Kundi moja, chini ya Zwangendaba, lilivuka Mto Zambezi mwaka 1835 na kuendelea hadi Ufipa, ambako kiongozi huyo alifariki dunia katika miaka ya 1840. Baada ya kifo chake watu wake waligawanyika. Zulu Gama aliongoza sehemu yao kuzunguka kaskazini ya Ziwa Nyasa hadi nchi ya Songea. Huko walikuta Wangoni wengine, Wamaseko wa Mputa Maseko, waliotangulia kufika. Wageni hao wawili kwanza waliishi pamoja, kisha wakapigana, na mwishowe Wamaseko walifukuzwa kuvuka Ruvuma. Waliobaki walijenga falme mbili: Njelu upande wa kusini, chini ya ukoo wa Gama, na Mshope upande wa kaskazini, chini ya ukoo wa Tawete.

Kila ufalme ulikuwa na nkosi, na chini yake manduna walioongoza vita na vijiji. Wandendeule wengi walitekwa na kuingizwa katika majeshi, na wengine walihamia mashariki. Misafara ya Kilwa ilikuja kununua pembe na watumwa, na mavamizi yalienea hadi mbali.

Lakini ushindi huo ulikuwa na upande wa pili. Watekaji walikuwa wachache na mateka walikuwa wengi. Wake, watumishi na askari vijana walitoka katika jamii zilizoshindwa, na watoto walijifunza kusema vifuani mwa mama zao. Kingoni kinachosemwa Songea leo ni lugha ya wenyeji wa kale, ikiwa na maneno machache tu yaliyobaki ya Kinguni. Wangoni waliteka nchi, na nchi nayo ikawateka. Asemaye leo kwamba yeye ni Mngoni halisi, mara nyingi ana mababu wa pande zote mbili za mkuki.

Hekima ya Wamatengo

Magharibi, Wamatengo walisongwa na mavamizi hayo wakajificha katika milima mikali na mapango. Watu wengi walilazimika kuishi kwa mashamba madogo yenye miteremko ambayo mvua moja kubwa ingeweza kuifagia. Ni katika shida hiyo, kama watafiti wengi wanavyoona, kwamba kilimo cha ngoro kilipata nguvu yake. Nyasi hufyekwa na kulazwa kwa mistari inayokatana kama miraba ya mkeka, kisha udongo huchimbwa katikati ya kila mraba na kufunika nyasi hizo. Hubaki mashimo mengi yaliyozungukwa na matuta. Maji ya mvua hunaswa shimoni badala ya kuteremka na udongo, nyasi huoza na kuwa mbolea, na juu ya matuta hupandwa maharage, na msimu ufuatao mahindi.

Wataalamu wa kilimo kutoka nchi za mbali wamekuja Mbinga kujifunza jambo hili. Waliolibuni hawakuwa na shule wala kitabu. Walikuwa wakimbizi waliokataa kufa kwa njaa.

Boma, misheni na vita

Mwaka 1897 Wajerumani walijenga kituo cha kijeshi katika nchi ya Njelu. Mji uliokua pale ulichukua jina la nduna aliyeishi karibu, Songea Mbano. Mwaka uliofuata Wabenediktini, wakiongozwa na Padri Cassian Spiss, walianzisha misheni ya Peramiho. Waanglikana walikuwa wakifanya kazi kandokando ya ziwa, na Walutheri wa Misheni ya Berlin, waliofika kaskazini ya Ziwa Nyasa mwaka 1891, walikuwa wakieneza vituo vyao Ukinga, Ubena na Upangwa. Injili ilifika katika nyanda hizi pamoja na bendera ya mkoloni. Wamisionari wengi hawakuwa askari, lakini mwenyeji aliyetozwa kodi na kulazimishwa kazi hakuona kwa urahisi tofauti kati ya Mzungu mwenye Biblia na Mzungu mwenye bunduki.

Julai 1905 Vita vya Majimaji vililipuka Umatumbi. Mganga Kinjikitile Ngwale wa Ngarambe alitangaza dawa ya maji iliyoaminiwa kugeuza risasi. Ngarambe si mbali na Mto Rufiji, mto uleule upokeao maji ya Luwegu kutoka Matogoro. Kinjikitile alinyongwa mwanzoni mwa Agosti, lakini dawa iliendelea kusafiri, na kabla ya Septemba ilikuwa imefika Ungoni. Watu waliokuwa maadui kwa miaka mingi waliinywa pamoja.

Kanisa halikuwa nje ya moto huo. Spiss, aliyekuwa askofu wakati huo, aliuawa na wenzake wanne tarehe 14 Agosti 1905 njiani karibu na Liwale. Peramiho ilichomwa. Huko Ubena, kituo cha Kilutheri cha Yakobi, chini ya mmisionari Paul Gröschel, kilishambuliwa Septemba, na waliokuwamo walijihami kwa bunduki.

Serikali ilijibu kwa ukali usio na kifani. Tarehe 27 Februari 1906 viongozi wa Wangoni walinyongwa mjini Songea, Nkosi Mputa Gama wa Njelu akiwa miongoni mwao. Kumbukumbu za Songea zinataja mashujaa 67, ambao wengi wao walizikwa katika kaburi moja. Baadhi yao walibatizwa na padri Mbenediktini kabla ya kupelekwa kitanzini. Nduna Songea Mbano alinyongwa siku chache baadaye. Masimulizi ya wenyeji yanasema kwamba alikataa kubaki hai ilhali wenzake wamekufa. Chabruma, nkosi wa Mshope, alikimbilia ng’ambo ya Ruvuma na kuuawa huko.

Vifo vingi zaidi havikutokana na risasi. Majeshi yalichoma vijiji, maghala na mazao mashambani, wakijua kwamba njaa ingemaliza kazi. Makadirio ya waliokufa katika eneo zima la vita huanzia 75,000 hadi 300,000, na wengi wao walikufa kwa njaa na maradhi. Mashamba yaligeuka mapori, na wanyama wa mwitu wakarudi palipokuwa na nyumba.

Makovu na deni

Katika nchi iliyojeruhiwa hivyo ndipo makanisa yalipokua. Waliokuja kubatizwa miaka iliyofuata walikuwa yatima wa vita, wajane, na watoto wa walionyongwa. Baadhi walilipokea Neno kwa furaha, wengine kwa sababu misheni ndiko kulikokuwa na chakula na shule. Historia ya kweli haina budi kutaja mambo yote mawili. Imani iliyoota katika majivu imezaa matunda, ila majivu yenyewe yasisahauliwe.

Kila mwaka tarehe 27 Februari Songea huwakumbuka mashujaa hao katika viwanja vya Makumbusho ya Majimaji. Tarehe 1 Novemba 2023 Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alifika hapo, akakutana na wazao wa Songea Mbano, akaomba msamaha kwa yale ambayo Wajerumani waliwatendea mababu zao. Ukoo wa Mbano umeomba kwa miaka mingi kichwa cha babu yao, kinachoaminiwa kupelekwa Ujerumani, kitafutwe na kurudishwa. Kwa kanisa lenye ndugu wengi Ujerumani, ombi hilo si habari ya gazeti tu. Mifupa ya Ruhuhu iliyopelekwa Ulaya ilipewa namba na kabati, na hatimaye jina. Mwanadamu ambaye jina lake linajulikana na mji mzima bado hajazikwa akiwa kamili.

Ziko pia kazi zilizo karibu zaidi. Wazee wanaokumbuka habari za koo, majina ya vijito na mahali palipokuwa na vijiji vya kale wanapungua kila mwaka, na mambo hayo yakiandikwa katika daftari la usharika leo, wajukuu watayakuta. Chemchemi za Matogoro zinaunywesha mji wa Songea, nazo zinatishiwa na shoka, moto na mashamba yanayopanda mlimani. Wamatengo walionyesha kwamba mlima mkali waweza kulimwa bila kuuawa. Mkristo anayepanda mti kando ya chemchemi, au anayezuia moto usiingie msituni, anachimba kisima ambacho wengine watakunywa miaka mia ijayo.

Sura zinazofuata katika kitabu hiki zitaeleza habari za wainjilisti, walimu, wachungaji na wanakwaya wa usharika. Wao nao walipanda juu ya udongo uliolimwa na Wandendeule, ukakanyagwa na majeshi ya Zulu Gama, na kunyweshwa damu mwaka 1906. Ruvuma ulikuwa ukitiririka kabla ya wote hao, na unaendelea kutiririka.