Rumanyika, Wageni Wake na Ng'ombe wa Chuma

Jamani, leo tuache siasa kidogo. Twendeni Karagwe.

Nikiwaambia wenzangu Dar kwamba kwetu ni Kayanga, huwa naulizwa mambo mawili. La kwanza ni kama nimeleta kahawa ya kutafuna. La pili ni kama ni kweli kwetu ni karibu na Kigali kuliko Dar. Kahawa huwa ipo, na Kigali ni karibu kweli. Hakuna hata mmoja aliyewahi kuniuliza habari za Bweranyange, na siwezi kuwalaumu. Mimi mwenyewe nilimaliza chuo kikuu nikijua zaidi habari za Vatican, ile dari aliyoichora Michelangelo na vyumba vya hazina vya mapapa, kuliko nilivyojua habari za ikulu iliyo mwendo wa pikipiki kutoka mlangoni kwa mama yangu.

Kibaya zaidi, nilishawahi kupita Bweranyange kikazi. Nilitumwa kuandika habari ya mkutano mmoja, nikaandika aya nne, nikapanda pikipiki nikarudi. Mzee mmoja aliniuliza, "Kijana wangu, hutaki kuona kwa Omukama?" Nikamjibu kwamba gazeti linasubiri. Mwezi uliopita nikamrudia yule mzee kumwomba radhi na kumwomba anitembeze. Alinicheka, kisha akachukua fimbo yake tukaanza safari.

Kabla ya kuwaeleza alichonionyesha, niwape historia kidogo.

Bweranyange ilikuwa makao makuu ya ufalme wa Karagwe, ulioongozwa na Abahinda, ukoo unaojihesabu kuanzia Ruhinda. Mfalme aliitwa Omukama. Katikati ya karne ya 19 alitawala Ndagara, na baada yake mwanawe Rumanyika. Wakati huo wafanyabiashara wa Kiarabu na Waswahili kutoka Tabora walikuwa wameshaweka kituo chao Kafuro, wakitafuta pembe za ndovu. Barabara ya kwenda Buganda ilipita hapo hapo. Kwa maneno mengine, aliyetaka kumfikia Kabaka kutoka upande wa kusini alipiga hodi kwanza kwa Rumanyika.

Mwishoni mwa Novemba 1861 walipiga hodi Waingereza wawili, John Hanning Speke na James Grant, wakitafuta chanzo cha mto Nile. Rumanyika aliwapokea vizuri sana. Speke, ambaye hakuwa mwepesi wa kumsifu Mwafrika, alimsifu huyu. Hata ziwa dogo lililo chini ya kilima alilipa jina la ziwa la kwao Uingereza, akaliita Little Windermere. Bweranyange yenyewe aliiandika Weranhanja! Alikaa hadi Januari 1862, akaendelea na safari ya Buganda akimwacha Grant anauguza mguu.

Sasa hapa ndipo nilipotaka kufika, ndugu msomaji. Rumanyika alimtembeza mgeni wake. Alimwonyesha nyumba ya ikulu na vilivyowekwa ndani yake, kama leo unavyotembezwa kwenye makumbusho na mtu anayekueleza. Tofauti ni kwamba mwongozaji alikuwa mfalme mwenyewe. Humo Speke aliona vyombo vya shaba na sanamu ndogo za ng'ombe zilizotengenezwa kwa chuma. Aliziandikaje? Kwa ufupi kabisa: kwamba zilitengenezwa na Waarabu wa Kafuro ili kumfurahisha mfalme. Yaani midoli. Nusu ya sentensi, basi, akaendelea na mengine.

Mengine yapi? Wengi wetu tunayajua. Wake wa wakubwa wa Karagwe walinyweshwa maziwa mpaka wakanenepa sana, na Speke akaomba kumpima mmoja wao kwa tepu: mkono, kifua, paja, ndama ya mguu. Vipimo vyote vimo kitabuni mwake mpaka leo. Mwili wa mwanamke wa watu ulipata tepu na orodha. Ng'ombe wa chuma walipata nusu ya sentensi.

Ajabu ni kwamba Speke mwenyewe ameacha ushahidi kwamba pale palikuwa mahali pa ibada. Ameeleza sherehe ya mwezi mwandamo, iliyofanyika kila mwezi ulipoandama. Mfalme anakaa akiwa amevaa pembe kwenye paji la uso, mbele yake zimepangwa ngoma zaidi ya thelathini, kubwa kwa ndogo, zinapigwa kwa pamoja, na watu wanakuja kuonyesha utii wao. Ameeleza pia simulizi ya jinsi Rumanyika alivyopata ufalme. Ndagara alipokufa, watoto wake watatu waliwekewa ngoma ndogo yenye dawa, nyepesi kama unyoya, lakini asiyestahili hakuweza kuinyanyua. Rumanyika aliinyanyua kwa kidole cha mwisho. Mtu ameandika yote hayo, halafu akiona ng'ombe wa chuma ndani ya nyumba ya mfalme huyo huyo anasema ni vitu vya kuchezea!

Miaka 14 baadaye, mapema mwaka 1876, akaja Henry Morton Stanley. Na yeye Rumanyika akamtembeza. Stanley alikuwa mwandishi wa magazeti kama mimi, na lazima niseme ukweli, aliandika zaidi ya Speke. Anaeleza nyumba ya duara aliyoiita nyumba ya hazina. Ndani aliona bata wapatao 16 wa shaba nyeupe wenye mabawa ya shaba nyekundu, vitu 10 alivyodhani ni pofu, na ng'ombe 10 wa shaba wasio na vichwa. Tena mikuki iliyofuliwa kwa ustadi ambao alikiri ni wa hali ya juu, visu vikubwa, na vyombo vya mbao vya maziwa. Alihesabu vizuri. Lakini hakutuambia nani alivitengeneza, vilitumikaje, wala kwa nini ng'ombe hawakuwa na vichwa. Alitoka na namba.

Nilimsimulia mzee habari hiyo tukiwa tumekaa kivulini, upepo unapanda kutoka bondeni. Alicheka mpaka akafuta machozi.

"Alihesabu ng'ombe wa Omukama?"

"Ndiyo mzee. Kumi."

"Mtu mwenye adabu hahesabu ng'ombe wa mwenzake," akasema. "Anauliza majina yao."

Nikaandika hilo kwenye kijitabu changu, nikalipigia mstari.

Nyumba ya duara haipo tena. Mzee alinionyesha kwa fimbo: hapa walipita wageni, kule walikaa wenyeji, upande ule ng'ombe walirudi jioni. Mgeni asiye na mtu wa kumweleza ataona nyasi, migomba na kilima. Vyombo vya ufalme vilitawanyika enzi za ukoloni na baada yake. Hamo Sassoon, aliyewahi kufanya kazi ya kuhifadhi mambo ya kale nchini kwetu, aliviandikia makala ndefu katika jarida la Azania mwaka 1983. Kichwa chake kilitaja wafalme, ng'ombe na wahunzi kwa pamoja, na hoja yake ilikuwa kwamba vyombo hivi ni alama za ufalme zenye maana ya kidini. Miaka zaidi ya 120 baada ya Speke, midoli ikaanza kuitwa kwa jina lake.

Nilimuuliza mzee kuhusu Waarabu wa Kafuro. Akaniangalia kama mtu aliyeulizwa kama maji yanapanda mlima.

"Wale walikuja kununua meno ya tembo. Umewahi kumwona mwenye duka anavukuta moto siku nzima? Hiyo ni kazi ya omuheesi."

Omuheesi ni mhunzi. Simulizi za Karagwe zinamkumbuka Ndagara, baba yake Rumanyika, kama mfalme aliyekuwa mhunzi. Kwa hiyo Rumanyika alipokuwa anamwonyesha Speke vile vitu, kuna uwezekano mkubwa kwamba alikuwa anamwonyesha kazi za nyumbani kwake, pengine za mkono wa baba yake. Hebu fikiria unamwonyesha mgeni kazi ya marehemu baba, mgeni anakwenda kuandika kwamba aliitengeneza mwenye duka wa jirani.

Wapo watakaosema mzee anatetea kwao. Sawa, tuulize ardhi. Mkoani kwetu Kagera, upande wa ziwa Victoria, kuna mahali panaitwa Katuruka, si mbali na mji wa Bukoba. Wenyeji walikuwa na mti mtakatifu, Kaiija, na simulizi kwamba hapo zamani sana palifanyika kazi ya chuma. Mwanaakiolojia Mmarekani Peter Schmidt aliwasikiliza wazee, akachimba walipomwelekeza, akakuta mabaki ya kazi ya chuma ya zaidi ya miaka 2,000 iliyopita. Baadaye wazee wa Kihaya waliokuwa wanakumbuka ufundi huo walijenga tanuri na kuyeyusha chuma mbele yake. Mwaka 1978 yeye na Donald Avery walichapisha matokeo katika jarida la Science. Chuma kilikuwa kinayeyushwa Kagera karne nyingi kabla ya Mwarabu yeyote kufika Kafuro. Schmidt ameeleza pia jinsi Wahaya walivyolitazama tanuri kama tumbo la mama, na kuyeyusha chuma kama kuzaa.

Ukivuka mto Kagera kuingia Rwanda unakutana na jambo hilo hilo. Kaburi la mfalme Cyirima Rujugira, wa karne ya 18, lilipofukuliwa mwaka 1969, alikutwa amelazwa na nyundo za chuma chini ya kichwa chake. Mfalme alilalia nyundo kama mto! Katika nchi hizi za maziwa makuu, nyundo na fuawe havikuwa vyombo vya karakana tu. Mfalme alikuwa mtu anayeigeuza nchi kama mhunzi anavyougeuza udongo kuwa jembe. Na ng'ombe ndiye maziwa, mahari, heshima na uzao. Ukifua ng'ombe kwa chuma na kumweka ndani ya nyumba ya mfalme, umekutanisha vitu viwili vinavyoiweka nchi hai. Mimi naona hiyo ni sala, hata kama haina maneno.

Sala hiyo ilijaribiwa vibaya. Mwanzoni mwa miaka ya 1890 sotoka ilifyeka ng'ombe katika eneo lote hili. Mwaka 1890 Wajerumani waliweka kituo Bukoba, na baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia wakaja Waingereza. Dini mpya zikaleta sanamu zake na kutufundisha kwamba zile za kwetu ni ushirikina. Mwaka 1963 serikali ya Tanganyika huru ikafuta utawala wa machifu. Mimi si mfuasi wa kurudisha wafalme, naomba nieleweke. Lakini kumwondoa mfalme ni jambo moja, kusahau mhunzi ni jambo jingine. Mwaka 2019 pori la akiba lililobeba jina la Rumanyika lilipandishwa kuwa hifadhi ya taifa, Rumanyika-Karagwe. Ni vizuri. Natamani tu mtalii anayelipa kuona wanyama aambiwe pia habari za wale ng'ombe ambao hawakula majani.

Jua lilipoanza kushuka nilimuuliza mzee nani mwingine anaweza kumtembeza mgeni hapa kama yeye. Akafikiri. Akataja wawili, kisha akakumbuka kwamba mmoja wao alishazikwa. Akabaki mmoja.

Hapo ndipo nilipokumbuka aya zangu nne. Nimekuwa nikimlaumu Speke njia nzima, na mimi nina shahada, natokea hapa hapa, nafahamu Kinyambo, nilipita na kijitabu mkononi nikashindwa kuuliza swali moja. Yeye angalau aliacha nusu ya sentensi.

Kwa hiyo nawaomba, ninyi mliosoma, mlio mjini. Likizo ijayo ukienda kwenu, usipige picha ya kilima ukarudi. Mtafute mzee, mwamkie vizuri, kaa chini. Usianze kuhesabu. Muulize jina la aliyefua, aliyechonga, aliyesuka. Kisha andika, na jina liandike kamili.

Nilipomuaga mzee nilimwambia nitarudi mwezi ujao na kinasa sauti.

"Njoo," akasema. "Ila usije na haraka."